Kirusi cha Jikoni

"Anasema nini?" Kaluki aliuliza, mwiko bado mkononi.

Musembi hakuinua macho kutoka kwenye sahani yake ya mahindi na maharagwe. "Anasema muthokoi ni tamu."

"Maneno yote hayo ni muthokoi tu?"

"Kirusi ni lugha ndefu, Kaluki. Kaa chini ule."

Kaluki hakukaa. Alimtazama yule mzungu aliyeketi kando ya mumewe, amefunga leso kichwani, uso umeiva kwa jua la Kibwezi. Jina lake Vera. Macho yake ya kijivu yalikuwa yamelowa. Mtu halizwi na muthokoi. Vera akanyoosha mkono, akamgusa Kaluki shavuni, akasema polepole:

"Sestra."

"Na hilo?" Kaluki akamgeukia Musembi. "Hilo neno ananiambia kila siku. Sestra ni nini?"

Musembi alitafuna, akameza, akanywa maji. "Mke mkubwa. Kwao ni heshima. Anakuita mke mkubwa."

Mama yake Musembi, mzee Nzilani, aliyekuwa kwenye kigoda karibu na mlango, alikohoa kama mtu aliyepaliwa na moshi. Lakini upande ule hakukuwa na moshi.

Musembi alimwoa Kaluki kutoka Mbumbuni. Mbuzi zilipelekwa, wazee wakala, mambo yakaisha vizuri. Hata mwaka haujaisha, akapata nafasi ya kwenda kusomea mitambo ya kilimo Urusi. Kaluki akabaki bomani kwa mama mkwe. Alilima, akachota maji, akampaka mzee mafuta ya magoti. Mtoto hakuwa naye. Wenzake aliocheza nao walibeba wa tatu na wa nne mgongoni, yeye akabeba kuni. Miaka ikaenda. Mwaka wa sitini na tisa, Musembi akashuka kwenye basi na sanduku moja na mzungu mmoja.

Siku hiyo hiyo alimvuta Kaluki nyuma ya ghala.

"Nimemwambia kila kitu," alinong'ona. "Anajua wewe ndiwe mke wa kwanza. Amekubali."

"Na mimi nani aliniuliza kama nimekubali?"

"Kaluki, sijakuacha. Nikikuangalia hivi, moyo wangu uko vile vile. Vumilia kidogo. Nikipata kazi Nairobi, kila mtu atakuwa na nyumba yake."

Aliushika mkono wake kama zamani, akiukanda kwa kidole gumba. Na Kaluki, pamoja na hasira yake yote, hakuuvuta.

Hata hivyo wiki ile ile alifunga nguo, akaenda kwao Mbumbuni. Baba yake, Musyoka, mzee wa kanisa aliyeheshimiwa hata na wasiosali, alimsikiliza mpaka mwisho, kisha akasema:

"Alikupiga?"

"La, baba."

"Alikunyima chakula?"

"La."

"Basi nyumbani kwako ni Kibwezi. Mambo ya wake wawili ataulizwa na kanisa, si na wewe. Mimi sitakuwa mzee ambaye binti yake alirudi."

Alirudi Kibwezi na basi la kwanza. Njia nzima aliangalia dirishani, asione kitu.

*

Kazi haikupatikana. Wakati ule mtu aliyesoma Urusi alipoingia ofisini, waliomhoji walitazamana. Musembi alikuwa akiondoka Jumatatu na viatu vinavyong'aa, anarudi Jumamosi viatu vimejaa vumbi na mdomo umefungwa.

Siku hizo zote Musembi alizokuwa Nairobi, Vera alikuwa bubu. Kiingereza hakujua. Kiswahili Musembi alimwambia asijisumbue nacho. Alikaa kizingitini asubuhi mpaka jioni, mikono mapajani, kama mgonjwa anayengoja kuitwa. Kaluki akipita na mtungi, anamwona. Akirudi, anamwona pale pale.

Kaluki hakumhurumia. Alichotaka ni kitu kimoja: kujifunza maneno machache tu ya Kirusi, asimame mbele ya huyu mwanamke anayemtazama kwa macho ya maji, amwambie, "Hii ni nyumba yangu." Basi. Musembi hangemtafsiria maneno hayo.

Asubuhi moja aliweka mtungi chini mbele ya Vera, akaonyesha kwa kidole.

"Maji."

Vera alishtuka. Kisha uso ukafunguka. "Vada," akasema.

"Vada."

Vera aliruka kutoka kizingitini kama aliyefunguliwa kamba. Aliingia jikoni, akaanza kugusa kila kitu. Chumvi, sol. Moto, agon. Mkate, hleb. Mkate haukuwepo, lakini aliuchora hewani mpaka Kaluki akauona. Kumbe kwao alikuwa mwalimu wa watoto wadogo. Kaluki akipatia anapiga makofi, akikosea anatikisa kichwa na kurudia, hachoki.

"Nyumba?" Kaluki aliuliza, akipiga ukuta.

"Dom."

"Dom." Hilo alilikamata akaliweka.

Herufi zilimchekesha. Kaluki alijua kusoma Biblia ya Kikamba. Vera alipochukua kijiti, akaandika jina lake kwenye majivu, Kaluki akasoma kwa sauti: "Bepa."

Vera alicheka mpaka akashika tumbo. Kwao B ni V, P ni R, H ni N. "Vera!" alisema akijipiga kifua. "Rrr! Rrr!"

"Vela."

"Rrr!"

"Ai, ulimi wangu haujui kutetemeka hivyo," Kaluki alisema kwa Kikamba, na akajikuta anacheka. Alicheka akaogopa. Mara ya mwisho kucheka ndani ya jiko lile hakuikumbuka.

Jumamosi Musembi alipofika, Kaluki alimpokea mkoba, akamsalimu, "Dobli dyen."

Musembi alisimama. "Nani amekufundisha?"

"Mwenye lugha."

"Achana na mambo hayo." Sauti yake ilishuka. "Serikali wakisikia hapa kwangu watu wanaongea Kirusi, nitapata kazi wapi? Na tena Kirusi si cha mtu wa jikoni. Utachanganya maneno umtukane mgeni."

"Mgeni? Si ulisema ni mke mwenzangu?"

"Kaluki, nimechoka. Leta maji nioge."

Akamwambia Vera kitu pia, kifupi na kikali. Vera akainamisha kichwa. Jumapili nzima wanawake hao wawili hawakutazamana. Jumatatu vumbi la basi la Musembi lilipotulia, Vera alichukua beseni la nguo, Kaluki akachukua sabuni, na bila kuambiana wakashuka mtoni, mahali ambapo Nzilani hakuwaona.

*

Walikuwa wakifua huko siku Ndolo alipopita. Ndolo ni kaka yake Kaluki, mfanyakazi wa reli pale stesheni ya Kibwezi. Alikuwa akisukuma baiskeli, amemletea dada yake sukari.

"Kto eta?" Vera aliuliza. Huyu nani?

Swali hilo Kaluki alilijua. Jibu hakulijua. Akajishika tumbo, akasema, "Mama," neno ambalo walikuwa wamegundua ni moja kwao wote. Akajionyesha yeye, akamwonyesha Ndolo. Tumbo moja. Mama mmoja.

"Aa!" Vera akang'amua. "Brat! Tvoy brat!" Akamnyooshea Ndolo kidole. "Brat." Kisha akamgusa Kaluki shavuni, vile vile kama siku zote. "Sestra."

Kaluki aliiacha nguo majini. "Sestra?"

Vera, mwalimu, alidhani mwanafunzi hajaelewa. Alichora mchangani mama mmoja mwenye sketi, chini yake mtoto wa kiume na mtoto wa kike. "Brat. Sestra." Akafuta. Akachora mama mwingine, amepinda mgongo, ana bakora. "Nzilani," akasema akitabasamu. Chini yake akachora wawili. Akagusa wa kiume. "Musembi. Brat." Akagusa wa kike. "Kaluki. Sestra."

Shati la Musembi lilichukuliwa na maji, likapita kwenye mawe, likaenda. Hakuna aliyelikimbilia.

"Kuna nini?" Ndolo aliuliza.

"Ndolo." Sauti ya Kaluki ilikuwa ya mtu mwingine. "Huyu mwanamke anajua mimi ni dada ya Musembi."

"Dada ya nani?"

"Tumezaliwa tumbo moja, mimi na yeye. Ndivyo alivyoambiwa."

Kaluki akamshika Vera mkono wenye pete, akaigusa ile pete.

"Mush," Vera alisema. "Musembi, moy mush." Mume wangu. Kisha akamtazama Kaluki kwa yale macho yake ya maji. "A tvoy mush..." Alifumba macho, akakunja mikono kifuani, akalaza kichwa upande. Akakaa hivyo kidogo. Kisha akachukua kiganja cha Kaluki, akakibana kwenye shavu lake.

Ndipo Kaluki alipoelewa yale machozi ya kila mlo. Huyu hakuwa akimdharau. Alikuwa akimlilia mjane.

"Amemwambia mume wangu alikufa," alisema. "Musembi amejiua mwenyewe kwa mdomo, halafu akakaa hapo anakula chakula changu."

"Mwambie!" Ndolo aliangusha baiskeli. "Mwambie sasa hivi!"

"Kwa maneno gani? Mimi najua maji, chumvi na moto."

Lakini alijaribu. Alifuta mikono kwenye leso, akasimama wima. "Nyet," akasema. Hapana. "Musembi nyet blat. Musembi moy mush."

Vera alicheka kidogo, akatikisa kichwa kama anavyofanya kwa makosa ya mwanafunzi. "Nyet, nyet. Brat."

"Mush!"

"Brat, Kaluki. Rrr."

"Mungu wangu, anafikiri nimekosea somo!" Kaluki alipiga paja, machozi yakaanza. "Ndolo, nisaidie."

Ndolo alipiga goti mchangani. Alichora boma, akaweka ndani yake mzee mwenye kofia. "Baba," alisema. Akachora mbuzi, na mbuzi, na mbuzi, akamwonyesha Musembi akiziswaga. Kaluki akachukua kijiti. Akajichora mwenyewe akitoka kwa yule mzee, kamba za mbuzi zikibaki huko, yeye akienda na Musembi. Akawachora wawili ndani ya nyumba moja, kitanda kimoja. Halafu akachora ndege, Musembi ndani yake, na mwanamke chini akiinua mkono. Mwisho akachora ndege ikirudi, na ndani yake watu wawili. Mmoja alikuwa na leso kichwani.

Cheko la Vera lilikwisha polepole. Alitazama kile kitanda. Akaitazama ndege. Uso ulimpauka mpaka midomo ikawa rangi moja na mashavu.

"Mush?" alinong'ona.

"Da," Kaluki alisema. "Mush."

*

Jumamosi Musembi aliwakuta wote wawili kizingitini. Mkoba wake haukupokelewa.

Vera ndiye aliyeanza. Hakupiga kelele. Alisema maneno mengi kwa sauti ya chini, na Kaluki, aliyeyakosa karibu yote, aliyasikia mawili yakirudi na kurudi: sestra, mush. Musembi akajibu haraka, akicheka kicheko cha kulazimisha. Vera hakucheka. Musembi akamgeukia Kaluki.

"Umemwambia nini?"

"Ukweli."

"Mwambie ulichanganya maneno. Mwambie lugha imekushinda. Tafadhali, Kaluki."

"Nimwambie kwa Kirusi gani? Si ulisema si cha mtu wa jikoni?"

Musembi alitua mkoba. Alionekana mdogo ghafla, kama koti limemzidi. "Nilibanwa," alisema. "Kwao mtu ana mke mmoja. Ningemwambia, hangekuja. Na wewe ningekuambia ukweli, ungeondoka. Mama angebaki na nani? Na mimi ningebaki na nani? Nawapenda wote wawili. Unafikiri ni rahisi?"

"Kwa hivyo ukatufungia wote ndani, ukakaa na ufunguo."

"Nilitaka kupata kazi kwanza, halafu niwaambie."

"Uongo ungengoja kazi?"

Vera alinyoosha mkono mbele ya Musembi, kiganja wazi. "Pasport," alisema. Neno hilo halikuhitaji mwalimu.

Musembi alitikisa kichwa. "Haendi mahali. Akienda watu watasema nini? Hana pesa, hajui njia, hana mtu."

"Pasport."

"Nimesema haendi!"

Nzilani aliinuka kwenye kigoda. Aliingia chumbani kwake kwa bakora, wakasikia sanduku likifunguliwa, akatoka na kitabu kidogo chekundu. Akampa Vera.

"Mwaitu!" Musembi alipaza sauti. Hivyo ndivyo Wakamba wanavyomwita mama.

"Nyamaza. Uliniambia nifiche, nikaficha. Sasa aende. Mimi sikumwita." Akamgeukia Kaluki, sauti ikalainika. "Haya, mwanangu. Boma lako limebaki lako."

Kaluki alimwangalia yule mzee ambaye magoti yake alikuwa ameyakanda miaka yote ile. "Mwaitu. Wewe ulijua ananiita dada?"

Nzilani alitazama ncha ya bakora. "Ni mtoto wangu."

"Na mimi?"

Mzee aliketi tena kwenye kigoda.

Kaluki aliingia ndani, akatia nguo zake kwenye kiondo. Alipotoka, Musembi alikuwa amesimama mlangoni.

"Wewe unaenda wapi? Yeye ndiye anayeenda!"

"Umesema hana mtu, hajui njia. Nampeleka."

"Halafu urudi?"

Alimpita, kiondo begani.

*

Usiku huo walilala kwa Ndolo, kwenye nyumba ndogo za wafanyakazi wa reli. Asubuhi Ndolo alimwomba karani wa posta awaunganishie simu mpaka ubalozi wa Urusi, Nairobi. Vera alishika ile simu kwa mikono miwili. Aliposikia lugha yake upande wa pili, alivunjika. Alilia, akasema, akapayuka, maneno yakimwagika kama mchele gunia likipasuka, na Kaluki aliyesimama kando hakuambulia hata moja. Hapo ndipo alipojua Kirusi chake ni kidogo kiasi gani. Kilitosha kumtoa mtu kwenye uongo tu, kumfariji kilikuwa hakijafika.

Treni ya Nairobi ilipoingia, Vera alimshika mabega.

"Ti?" alimuuliza. Na wewe? "Dom?"

Kaluki aliwaza boma la Musembi, akawaza la baba yake. "Nyet dom," alijibu.

Vera alisema neno jingine, akalirudia, akilia. "Prasti. Prasti, Kaluki." Neno hilo hawakuwa wamelifikia. Kaluki alitikisa kichwa kuonyesha hajalijua, na filimbi ikalia. Na kwa kuwa mtu mwingine pekee aliyejua Kirusi pale Kibwezi alikuwa Musembi, Kaluki hakuuliza maana yake kamwe.

Musyoka alifika kutoka Mbumbuni kabla ya mwezi kuisha, kofia mkononi, hasira usoni.

"Mzungu ameenda. Sasa unafanya nini kwenye nyumba ya reli? Rudi kwa mumeo."

"Baba, ana mume gani?" Ndolo aliingilia. "Aliyemwambia mtu kwamba yeye ni marehemu?"

"Sikuongea na wewe."

"Basi ongea na mimi, baba," Kaluki alisema. "Uliniuliza kama nilipigwa. Uliniuliza kama nililala njaa. Hukuniuliza kama kuna mahali naitwa mke. Hapakuwa na mahali. Kwake nilikuwa dada, kwako nilikuwa aibu. Ukinirudisha leo nitaenda, maana wewe ni baba yangu. Lakini ujue unanirudisha kwa nani."

Mzee aliizungusha ile kofia mkononi. Alikuwa mtu mgumu, na maneno ya pole hakuwa nayo. "Mbuzi zitarudi," alisema mwishowe. "Nitaongea na wazee." Akakataa chai, akaenda kungoja basi.

*

Musembi alikuja mvua za Novemba zilipoanza. Alikuwa amekonda, lakini suti ilikuwa mpya. Kaluki alikuwa akipanda vitunguu kwenye kipande alichopewa na mke wa Ndolo nyuma ya nyumba. Alimwona tangu mbali, na moyo ukapiga vibaya, kama msichana.

"Nimepata kazi," Musembi alisema. "Nairobi. Wamenipa na nyumba. Ina maji ndani, Kaluki, unafungua tu."

"Mungu amekusaidia."

"Nimekuja kukuchukua. Tutafunga ndoa kanisani, pete, kila kitu. Vera ameshaenda kwao, imekwisha. Ni wewe tu. Sema unataka nini, nifanye."

Kaluki alijipangusa matope. "Unasema kweli?"

"Kweli tupu."

"Unaona? Nimekuangalia hapo usoni, na sijui."

"Nitakuonyesha. Nipe muda."

"Muda nilikupa."

Musembi alimkaribia, akautafuta mkono wake, akaukanda kwa kidole gumba. Mkono ule ule, joto lile lile. Kaluki alifumba macho. Nimeingojea siku hii, alijiambia moyoni, amekuja kama nilivyoomba. Kisha akafumbua.

"Hunipendi tena?" Musembi aliuliza.

"Nakupenda."

"Basi kuna shida gani?"

"Hiyo ndiyo shida. Nikienda na wewe nitakuamini tena. Najijua. Utaniambia neno hili maana yake ni hili, na mimi nitalibeba mwaka mzima." Aliutoa mkono wake taratibu. "Mbuzi zenu ziko kwa baba. Peleka watu wakazichukue."

Mvua ilikuwa inaanza tena, matone makubwa kwenye mabega ya ile suti. Musembi alingoja aitwe ndani ajikinge, kama mgeni yeyote anavyoitwa. Hakuitwa. Akageuka, akashika njia ya barabarani, akichagua mahali pa kukanyaga kwa sababu ya viatu.

Mke wa Ndolo alichungulia mlangoni. "Kaluki! Mgeni anaenda, humsindikizi?"

"Njia anaijua," Kaluki alisema. Alilia huku ameinama, vitunguu vimebaki mkononi, akapanda mstari wote mpaka mwisho.